Babu Yako Hakuwa na Duka

Raya mwanangu,

Assalaam alaykum. Karatasi ya mama yako nimeiona: nguo za baridi, dawa ya kifua, qibla iko upande gani, simu upige siku gani, nyama uiulizie vipi. Kanizidi kete, hakuniachia la kuusia. Basi mimi nakuandikia lile ambalo yeye hawezi kukuandikia, maana si lake. Sasa hivi ni baada ya alasiri, nyumba imejaa wanawake waliokuja kukuaga, nami nimejifungia garini hapa uani, karatasi nimeziegemeza kwenye usukani. Kila anayepita anadhani natafuta kitu kilichopotea.

Tangu Ijumaa ile ya mwezi wa Rajabu hujanisemesha. Usiniambie unanisemesha. "Naam, baba." "Hewala, baba." "Nikuletee kahawa, baba?" Hayo ni maneno ya mtu na mkwewe. Wewe ulikuwa ukinibishia hata njia ya kwenda Sur, mimi niliyeiendesha miaka ishirini na zaidi, na nikikasirika unacheka. Kesho unapanda ndege ya Ujerumani, hurudi mpaka usome umalize, na wallahi sitaki uondoke na adabu hiyo. Bora uondoke umenikasirikia waziwazi, au umenisamehe. Hili la katikati linaniua.

Ijumaa ile watu wa Hilal walitoka Nizwa kuja kukuposa. Niliwapa kahawa na halwa, nikawasikiliza mpaka mwisho, kisha nikawapa neno la kafaa, yaani watu walingane asili ndipo waoane. Sikuhitaji kusema zaidi. Jina lao ni Haddad, mhunzi, na baba yake mpaka leo anafua chuma sokoni Nizwa. Hilal mwenyewe ni mwalimu wa fizikia, nyundo hajaishika isipokuwa kwa kutundika saa ukutani, lakini jina ni jina. Walipoondoka ulikuja ukasimama mlangoni. Hukulia. Ulisema, "Baba, Schmidt ni mhunzi kwa Kijerumani. Umenisomesha mwenyewe. Umewafungulia mlango wa gari Schmidt wangapi?"

Nilikuambia utoke. Tena kwa kupaza sauti.

Lile daftari langu la majina unalijua kuliko mimi. Kijerumani chako cha kwanza umekiokota humo, hujaanza hata darasa la tatu. Ila hujui lilianzaje. Nilipopata kazi ya kuendesha watalii, kila Jumamosi kampuni ilinipa orodha ya wageni, majina ya ukoo tu, niende nikasimame uwanja wa ndege na kibao. Nilikuwa nikiyatamka hata wenyewe hawajijui. Majira ya baridi ya mwaka mmoja akaja bibi mmoja mfupi, mwalimu mstaafu, kofia yake ya majani imemfunika mpaka nyusi. Jina lake Schneider. Aliniona nahangaika, akanipokonya orodha na kalamu, akaanza kunitafsiria mle mle garini kwa Kiingereza cha kuokoteza, changu kibovu na chake kibovu zaidi. Akarudi tena majira mawili yaliyofuata, na kila akija ananiuliza kwanza, "Said, daftari liko wapi?"

Müller, msaga unga. Nikadhani wa mashine, akasema hapana, wa kinu cha maji: mfereji unashuka, unazungusha gurudumu, gurudumu linazungusha jiwe. Tulikuwa tumesimama kando ya falaji, mfereji wetu wa mashamba, hapa hapa Ibra, maji yanatupita miguuni, nikamwelewa hapo hapo. Becker, mwoka mikate. Weber, mfumaji. Zimmermann, seremala wa mapaa. Koch, mpishi, na huyo tuliyekuwa naye hajui kuchemsha yai, mkewe aliapa. Schäfer, mchungaji wa kondoo. Mbedui wetu wa kambini Bidiya aliposikia hivyo akafurahi, akamvuta bwana Schäfer akamwonyeshe mbuzi wake, kumbe bwana Schäfer ni daktari wa meno na mbuzi anawaogopa. Wagner, fundi wa magari ya kukokotwa na farasi. Huyo nikasema ni ndugu yangu, nikamkalisha mbele safari nzima. Meier, msimamizi wa shamba la bwana mkubwa. Nikamuuliza bibi, kama wakili wetu wa falaji, yule anayewagawia watu zamu za maji? Akafikiri, akasema haya, andika hivyo.

Na Schmidt. Hao hawakuisha. Schmidt, Schmitt, Schmitz, kila upande wa nchi na mwandiko wake. Nikamuuliza mbona wahunzi wengi hivi, kulikuwa na vita gani. Akasema hakuna kijiji kilichoweza kulima, kujenga wala kupanda farasi bila ya mhunzi, kwa hiyo kila kijiji kilikuwa na wake.

Alinieleza kwamba zamani huko kwao mtu alikuwa na jina moja tu. Miji ikajaa, wakawa Hans watano mtaa mmoja, karani hajui tena yupi ni yupi, akaandika: Hans msaga unga, Hans mhunzi. Mtoto akarithi, na mjukuu, hata asiyeushika unga maisha yake. Haya yote umeyasoma daftarini. Ambalo sikuliandika ni vile wageni wale walivyokuwa wakiyasema. Mtu anakuambia babu yangu wa kale alichoma makaa msituni, huku anakunyooshea kikombe umwongeze chai. Hatazami kushoto wala kulia kwanza. Kwetu hapa mtu akikuuliza wewe nani anauliza qabila, na babu akiwa alifanya kazi ya mkono tunalikalia hilo neno lisionekane.

Usidhani lakini kwamba wao ni malaika. Majira yake ya pili bibi Schneider alikuja na kundi moja na bwana mmoja mrefu, hasemi na mtu, jina lake Sartor. Tulikuwa Wadi Bani Khalid, wenzao wanaogelea, bibi kakaa juu ya jiwe miguu yake majini. Akanivuta mkono akaninong'oneza kuwa yule bwana na yeye ni jina moja. Nikamwambia haiwezekani. Akasema Schneider ni mshoni kwa Kijerumani, na Sartor ni mshoni kwa Kilatini. Zamani mtu wao akisoma sana akaona haya kuitwa mshoni, aligeuza jina la baba yake kwa lugha ya wakubwa. Bibi alicheka mpaka kofia ikamwanguka. Mimi sikucheka. Akaniuliza, hivi hivi, kama mtu anavyouliza saa, "Na baba yako, Said, alikuwa na kazi gani?"

Nikamwambia mfanyabiashara. Duka la nguo, Tabora.

Raya, pale hapakuwa na mkwe, hapakuwa na sheikh wala jirani. Kulikuwa na bikizee wa Kijerumani ambaye baada ya siku nne angekwenda zake, na yeye mwenyewe jina lake ni mshoni na wala hajali. Na bado nilisema uongo. Hapo ndipo nilipoogopa, maana niliona uongo ule hauningoji tena niuite.

Babu yako Khalfan hakuwa na duka. Duka lilikuwa la Mhindi. Babu yako alikaa barazani mwa duka hilo na cherehani miaka thelathini, akishona kanzu. Mwili wa kanzu aliupitisha kwa cherehani, lakini shingo aliitarizi kwa mkono, na watu walitoka Ujiji kuja kuagizia kanzu za harusi kwake. Mji mzima ulimwita Fundi Khalfan, mimi nikaitwa mtoto wa Fundi, nami nikilipenda jina hilo. Mamangu, aliyekuwa Mwunguja na mwenye maringo yake, alikuwa akijisifu sokoni kwamba mumewe hajapata kurudishiwa nguo.

Tukaja Omani, mimi kijana. Haikunichukua muda kujua hapa wanauliza nini na wanataka kusikia nini. Nilipokwenda kumposa mama yako, tulikaa kwenye sabla, baraza la wanaume wa kwao, wazee wamejipanga ukuta mzima. Mmoja akaniuliza mimi, kwa vile Kiarabu cha baba kilikuwa kimeshika kutu: baba yako alikuwa akifanya nini huko Afrika? Nikasema, "Alikuwa na duka la nguo."

Baba yangu alikuwa amekaa ubavuni mwangu. Alisikia na alifahamu. Alikuwa ameshika kikombe cha kahawa, na kidole chake cha kati, kile alichokivalia subana, kikofia cha chuma cha kusukumia sindano, kilikuwa kigumu na chenye alama tele. Akakiweka kikombe chini taratibu, akauingiza mkono ndani ya kanzu. Wakamgeukia yeye, biashara ilikuwaje? Akawajibu kwa Kiarabu chake hicho hicho cha kukwama, "Alhamdulillah, ilikuwa nzuri." Na huyu ni mtu ambaye sikupata kumsikia akisema uongo, hata kwa mteja, na washoni unawajua wote husema njoo kesho. Alisema uongo wake wa kwanza akiwa na miaka sitini, kwa ajili yangu.

Hakunilaumu, si njiani wala nyumbani. Ila toka siku ile sikumwona tena na sindano. Kifungo changu kikikatika napeleka kwa fundi wa Kipakistani sokoni. Wakati mwingine nilimkuta baba amesimama nje ya duka la huyo fundi, anamtazama akikata nguo, na akiniona mimi naja anasogea duka la pili, anajitia kunusa udi. Mkataa kwao mtumwa, tuliambiwa tangu utotoni. Nami sikujikataa peke yangu, nilimkatalisha na mzee wa watu. Alifariki wewe una miaka saba, na sikumtaka radhi. Nilikuwa na kila siku ya kumtaka radhi, nikaona haya.

Sasa unajua kwa nini nilimkataa Hilal. Nilikudanganya niliposema asili. Niliogopa. Posa inafukua mambo: wazee wanakaa, huyu anauliza, yule anakumbuka, na Nizwa wamejaa watu waliotoka Tabora na Kigoma. Ningewezaje kukaa mbele ya mhunzi anayekiri uhunzi wake, huku wajomba zako wanamwangalia kwa pembe ya jicho na kunihesabu mimi mtoto wa tajiri? Nikaona njia nyepesi ni kuufunga mlango. Mficha uchi hazai, wanasema, na kwa kweli mimi nilificha wangu, wewe ndiye uliyekosa. Hukustahili, mwanangu. Nisamehe kwa hilo kwanza, hata kama mengine utayaweka.

Leo asubuhi nilisema nakwenda Izki kutazama tairi. Tairi ni nzima. Nilipita Izki sikusimama, nikaenda mpaka Nizwa, nikaegesha nyuma ya ngome, nikaulizia duka la wahunzi. Baba yake Hilal alikuwa amekaa chini anapiga tupa mundu wa kukatia makole, mashada ya tende. Aliniona, akanijua, hakusimama. Ni haki yake. Kwetu hapa baba wa msichana haendi kwa watu wa mvulana, hata akiwa na maneno matamu, na mimi hata matamu sikuwa nayo. Njia nzima nilikuwa nimepanga hotuba, yote ikanitoka. Nikakaa juu ya gogo lake la kufulia chuma, nikamwambia kwa Kiarabu, "Baba yangu alikuwa mshoni. Alishona barazani mwa duka la watu. Nimewaambia watu miaka yote kuwa duka lilikuwa lake."

Mzee hakuacha tupa yake. Alimaliza upande aliokuwa nao, akaupuliza, ndipo akaniangalia. "Alikuwa anashona vizuri?"

Hilo swali sikupata kuulizwa maishani. Kisha nikaanza kumweleza, na nilipoanza sikuweza kuacha. Nilimwambia darizi yake ya shingoni hujui nje wala ndani. Nilimwambia alikuwa akikata bila ya kupima, anamtazama mtu mara moja tu akiwa bado yuko barabarani. Nilikuwa naonyesha kwa vidole kama mwendawazimu, na mzee anatikisa kichwa, anauliza uzi gani, sindano ya namba gani, alikaa vipi mgongo usimuume. Kisha akanitolea kisu alichokifua yeye, akanipa nikijaribu kwa unywele wa mkono. Tulikaa vile mpaka adhana ya adhuhuri, na nakuapia sikupata kumzungumza baba yangu muda mrefu hivyo tangu tumzike.

Tulipotoka msikitini nikamuuliza lililonipeleka. Akasema Hilal hajaposa kwingine, alipelekewa majina mawili akayakataa, na mama yake amechoka naye. Lakini akaniambia, "Usiniulize mimi. Muulize binti yako kama bado anataka. Mara ya kwanza hukumuuliza." Kweli sikukuuliza.

Njiani nilisimama nikampigia simu mama yako nikamweleza yote. Nilidhani ataangua kilio. Akasema, "Miaka ishirini na nne nakungoja uniambie." Kumbe alijua tangu mwaka wa kwanza wa ndoa. Nguo yake ya harusi ilichanika pindo, baba yangu akaiona, akamfuata jikoni, akafunga mlango, akaishona kwa mkono pindo zima kabla mimi sijarudi kutoka kazini. Akamwomba asiniambie, nisije nikaona haya. Toka siku ile, mimi nikiondoka na wageni, jikoni kunashonwa. Zile nguo zako za Idi, Raya, ambazo mimi nilikuwa nikimgombeza mama yako kuwa anazinunua ghali Maskati, zote zilikuwa mkono wa babu yako. Ile ya kijani yenye darizi ya dhahabu, uliyolia usivuliwe, ni yake. Mama yako anayo bado. Muulize usiku huu akuonyeshe, na uitazame kwa ndani, utaona nilichokuwa nikimweleza yule mzee.

Nimelia kwenye kituo cha petroli cha Izki, mtu mzima mimi, mpaka mpiga petroli akaniuliza kama kuna msiba. Lakini nimerudi mwepesi. Baba yangu hakuniachia ushoni wake. Aliuficha, ila hakuuacha, na amekuvika wewe. Kwa hilo nalala vizuri leo.

Huko unakokwenda utakutana na akina Müller na Schneider kila mlango. Mtu akikuuliza watu wako ni nani, sema unavyotaka, mimi sikuandikii jibu. Najua tu kwamba uongo mdogo wa kumridhisha mtu mara moja hulishwa kila siku, na mlishaji huwa si mwenye kuusema peke yake. Mimi wangu nilimlishisha baba yangu, kisha nikataka uulishe na wewe. Kwako wewe ukomee hapa.

Sasa sikiliza la kesho. Wajomba zako wanakuja uwanjani Sib na magari mawili, unawajua. Mzee Haddad na mkewe na Hilal watakuja pia. Nimewaalika mimi, nimewaambia waje wasimame nasi, si kando. Hakuna anayekutaka jibu kesho. Una miaka ya masomo mbele yako, fikiri. Ukiona bado unamtaka, niandikie, nitakwenda Nizwa kwa miguu yangu mara ya pili. Ukiona moyo umepoa, niandikie hivyo hivyo, nitakwenda vile vile nikawaambie kwa heshima. Uamuzi ni wako, wala sitakushinikiza huku wala kule.

Lakini kabla hujapita mlango wa abiria, mbele ya wajomba zako, nitawajulisha wageni wetu kwa jina lao na kazi yao, kisha nitasema baba yangu alikuwa nani. Mjomba wako mkubwa atanuna, pengine Idi hii haji kula kwetu, biriani itatutosha zaidi. Mimi nimekwisha kukata shauri. Tatizo langu ni moja: neno lenyewe uso kwa uso nimelisema mara moja tu tangu nije nchi hii, leo, na kwa mtu asiye wa kwetu. Huenda kesho likanikwama. Likinikwama, mwanangu, njoo usimame karibu nami, ulimalizie wewe.

Baba yako,
Said, mtoto wa Khalfan mshoni